Miaka Kumi Nje ya Mlango

Tangu niache chuo mwaka wa pili, kuna swali moja linanifuata kila ofisi: karatasi iko wapi? Kazi yako wameisoma, wameipenda, halafu wanauliza karatasi. Ndiyo maana kisa cha Thelma Schoonmaker huniuma kuliko visa vingine vya Hollywood.

Huyu mama alizaliwa Algiers mwaka wa 1940, akakulia kisiwani Aruba. Alitaka kuwa mwanadiplomasia. Kwenye mitihani ya serikali ya Marekani akasema waziwazi anapinga ubaguzi wa Makaburu Afrika Kusini. Watahini hawakufurahia, ndoto ikaishia hapo. (Mimi nilianza kumpenda papo hapo.)

Akajibu tangazo la gazeti, akapata kazi kwa jamaa aliyekuwa akifupisha sinema za Ulaya zitoshee kwenye televisheni usiku. Ilikuwa ni kuchinja tu, hata Fellini hakuhurumiwa, lakini hapo ndipo Thelma alijifunza kukata na kuunga. Kisha, kwenye kozi ya wiki sita pale New York University, akakutana na Martin Scorsese, mwanafunzi ambaye filamu yake ilikuwa imekatwa vibaya. Akamsaidia kuiokoa.

Mwaka wa 1971 aliteuliwa kuwania Oscar kwa kuhariri Woodstock, ile yenye picha mbili tatu zikienda pamoja kwenye skrini. Ungedhani milango imefunguka, sivyo? Chama cha wahariri kilimtaka aanze chini: awe mwanagenzi, kisha msaidizi, miaka na miaka. Mtu wa Oscar akabebe mikanda ya wenzake? Alikataa. Scorsese akatengeneza Taxi Driver mwaka wa 1976, ikahaririwa na wengine.

Kadi ya chama ilipopatikana, kazi ikawa Raging Bull ya 1980. Tafuta pigano la mwisho na Sugar Ray Robinson. Sauti inakufa, Robinson anasimama tu, halafu ngumi zinamiminika, vipande vifupi vifupi, hadi unajikuta umekunja uso. Hiyo ilimpa Oscar. Yeye husema ni ya Scorsese, aliyezipanga ngumi zile. Mimi sikubali. Kuna mtu aliketi akachagua kila ngumi ikatike wapi.

Killers of the Flower Moon ilipotoka 2023 alikuwa na miaka 83, bado yuko mezani. Chama kilipomfungia mlango alikuwa na thelathini hivi. Mimi nafika huko karibuni.