Assault (farasi)

Assault (26 Machi 1943 – 1 Septemba 1971) alikuwa farasi wa mbio wa Marekani, wa aina ya Thoroughbred, aliyezaliwa na kukulia katika King Ranch, ranchi ya ng'ombe iliyoko kusini mwa jimbo la Texas. Mwaka 1946 alishinda Kentucky Derby, Preakness Stakes na Belmont Stakes, mbio tatu ambazo kwa pamoja huitwa Taji Tatu. Alikuwa farasi wa 7 kupata taji hilo, na mpaka leo ndiye pekee aliyezaliwa Texas kulipata. Anakumbukwa zaidi kwa sababu alifanya hayo yote akiwa na ukwato ulioharibika tangu utotoni.

Ranchi alikozaliwa

King Ranch ilianzishwa mwaka 1853 na Richard King, nahodha wa meli za mvuke katika mto Rio Grande. Eneo lake ni takriban ekari 825,000, yaani karibu mara mbili ya kisiwa cha Unguja. Kazi yake kuu ilikuwa ufugaji wa ng'ombe. Hapo ndipo walipopatikana ng'ombe aina ya Santa Gertrudis, kwa kuchanganya Shorthorn wa Uingereza na zebu wenye asili ya Bara Hindi, ili wavumilie joto na kupe.

Ng'ombe wengi namna hiyo hawawezi kuchungwa kwa miguu. Wachungaji wa ranchi, ambao wengi wao walikuwa wenye asili ya Meksiko, walihitaji farasi wepesi wa kukata kona na wenye kasi ya ghafla. Robert J. Kleberg mdogo, mjukuu wa mwanzilishi, alizalisha kwa kazi hiyo farasi aina ya Quarter Horse, waliopewa jina hilo kwa sababu ya kasi yao katika mbio za robo maili. Mmoja wao, Wimpy, aliandikwa namba 1 katika daftari la chama cha wafugaji wa aina hiyo mwaka 1941. Baadaye Kleberg alianza kufuga pia farasi wa mbio ndefu, na Assault alitoka katika tawi hili la pili.

Wazazi

Baba yake Assault alikuwa Bold Venture, mshindi wa Kentucky Derby na Preakness Stakes mwaka 1936. Mama yake, Igual, alikuwa binti wa farasi mashuhuri Equipoise. Igual alizaliwa dhaifu, na ilifikiriwa auawe kabla haijagunduliwa kwamba alikuwa na jipu lililofichika mguuni. Alitibiwa akapona, lakini hakuwahi kushiriki mbio.

Ajali ya ukwato

Assault alipokuwa bado mdogo alikanyaga kitu chenye ncha kali, ambacho kwa maelezo ya wengi kilikuwa kigingi cha wapima ardhi. Kigingi hicho kilitoboa ukwato wa mguu wa mbele wa kulia. Kidonda kilipona, lakini ukwato ulikua umepinda na ukuta wake ukawa mwembamba.

Kasoro hiyo ilikuwa kubwa kwa farasi wa mbio. Kiatu cha farasi ni chuma kinachopigiliwa kwa misumari kwenye ukuta wa ukwato. Sehemu hiyo haina hisia, kama kucha ya binadamu. Ukuta ukiwa mwembamba, mhunzi hapati nafasi ya kutosha ya kushikiza misumari bila kugusa nyama. Assault alitembea akichechemea maisha yake yote, na hata alipokimbia polepole alionekana kama angeanguka. Akishapata kasi kamili, kuchechemea hakukuonekana tena. Kwa sababu hiyo waandishi wa habari walimpa jina la utani la kimondo chenye mguu uliopinda.

Mafunzo na mbio za kwanza

Mkufunzi wake alikuwa Max Hirsch, mzaliwa wa Texas, ambaye ndiye aliyemfundisha pia Bold Venture. Assault alikuwa mdogo wa umbo na mwenye rangi ya hudhurungi nyekundu. Mwaka 1945, akiwa na umri wa miaka miwili, alikimbia mara 9 na kushinda mara 2. Ushindi wake katika Flash Stakes uliwashangaza watu, kwa kuwa wacheza kamari karibu wote walikuwa wamempuuza.

Taji Tatu, 1946

Mbio za Taji Tatu ni za farasi wenye umri wa miaka mitatu tu, kwa hiyo kila farasi hupata nafasi moja katika maisha yake. Urefu wake hutofautiana na zote hufanyika ndani ya wiki chache. Farasi huhitaji kasi, pumzi na miguu imara kwa wakati mmoja.

Kentucky Derby (kilomita 2.01) ilifanyika tarehe 4 Mei 1946. Wengi walimtarajia Lord Boswell, lakini Assault, akiendeshwa na Warren Mehrtens, alishinda kwa urefu wa farasi nane. Wiki moja baadaye, katika Preakness Stakes (kilomita 1.91), aliongoza mapema, akachoka karibu na mwisho, na kumshinda Lord Boswell kwa urefu wa shingo tu. Hapo wengi waliamini kwamba hangeweza mbio ndefu zaidi. Katika Belmont Stakes (kilomita 2.41), tarehe 1 Juni, alijikwaa wakati wa kuanza, akabaki nyuma, kisha akawapita wenzake katika sehemu ya mwisho na kushinda kwa urefu wa farasi watatu.

Baada ya hapo aliugua figo na akashindwa mara kadhaa mfululizo, lakini alimaliza mwaka kwa ushindi. Alichaguliwa kuwa Farasi Bora wa Mwaka 1946.

Miaka iliyofuata

Mwaka 1947 Assault alishinda mbio tano mfululizo. Zilikuwa mbio za kusawazisha uzani, ambamo farasi bora hubebeshwa uzani mkubwa ili wengine wapate nafasi. Katika Butler Handicap alibeba ratili 135 (kilo 61) na bado akawashinda Stymie na Gallorette. Kwa muda akawa farasi aliyeshinda fedha nyingi kuliko wote duniani, mpaka Stymie alipompita. Septemba mwaka huo alishindana na Armed peke yao wawili, kwa zawadi ya dola 100,000. Assault alikimbia akiwa na maumivu ya mguu wa mbele, akashindwa vibaya.

Utasa na kurudi mbioni

Thamani kubwa ya farasi dume bingwa huanza anapostaafu, kwa kuwa wafugaji hulipia apandishwe kwa majike wao. Mwaka 1948 Assault alipelekwa kuzalisha, ikagundulika kwamba ni tasa. Kwa hiyo alirudishwa mbioni. Mwaka 1949 alishinda tena Brooklyn Handicap, na aliendelea hadi mwaka 1950 akiwa na miaka saba. Katika maisha yake alikimbia mara 42, akashinda mara 18, akawa wa pili mara 6 na wa tatu mara 7. Zawadi zake zilifikia dola 675,470.

Mwisho na kumbukumbu

Baada ya kustaafu, Assault alirudi King Ranch na kuachwa malishoni pamoja na majike wa Quarter Horse, farasi wa kazi za ng'ombe. Licha ya kuhesabiwa tasa, alipata nao watoto wachache. Hata hivyo, hakuacha ukoo wowote katika mbio za Thoroughbred. Mwaka 1964 aliingizwa katika Jumba la Mashujaa la mbio za farasi la Marekani. Alikufa katika ranchi hiyo tarehe 1 Septemba 1971, baada ya kuvunjika mguu, akiwa na umri wa miaka 28.