Kisasi Kilichoanzia Kaburini

Ukitoka Bondeni kwa miguu, ukapita Mji wa Kale na kuishika Ndia Kuu, unatokea Ngomeni, kwenye ngome ya Wareno ya Mombasa. Humo, tarehe 16 Agosti 1631, mfalme wa Mombasa, Yusuf bin Hasan, aliingia na watu wake, akamuua kapteni wa Kireno, Pedro Leitão de Gamboa.

Huwakumbuka Wajapani kila nikilitazama lango la ngome hiyo. Mwaka 1703 samurai 47 waliofiwa na bwana wao walimvamia Kira, aliyesababisha kifo hicho, wakamkata kichwa na kukiweka kaburini kwa bwana wao huko Edo. Sinema bubu ya Japani ilikipenda mno kisa hiki. Makino Shozo alikipiga picha mara kwa mara, na nyota wake, Onoe Matsunosuke, akicheza kiongozi wa kundi. Kando ya pazia alisimama benshi, msimulizi aliyewasemea waigizaji wote, kama DJ Afro anavyotusimulia filamu za Kihindi na Kichina.

Kisa chetu nacho kina kichwa na kaburi. Mwaka 1614 babake Yusuf, Sultani Hasan bin Ahmad, aligombana na kapteni wa ngome, akakimbilia bara. Wareno wakachochea auawe, na kichwa chake kikapelekwa Goa, koloni yao huko India. Yusuf, mtoto wa miaka kama saba, alipelekwa Goa hiyohiyo, akalelewa na mapadri wa Kiagostino na kubatizwa Dom Jerónimo Chingulia. Mwaka 1626 akarudishwa Mombasa awe mfalme mtiifu kwa Ureno.

Hapo ndipo naona mzigo wake ulikuwa mzito kuliko wa wale samurai. Wao walikuwa na bwana mmoja. Yeye alikuwa na kiapo kwa mfalme wa Ureno, na baba aliyeuawa kwa uchochezi wa watu wa mfalme huyohuyo. Usiku alikuwa akienda kumwombea babake kaburini, kwa dua za Kiislamu. Akaonekana, na habari zikafika kwa kapteni. Akajua atapelekwa Goa kuhukumiwa, akawahi yeye.

Lakini kisasi hakikuishia kwa kapteni. Siku zilizofuata waliuawa Wareno wa mjini, wanawake na watoto wakiwemo, na Waafrika Wakristo waliokataa kusilimu. Mwanzoni mwa 1632 manowari kutoka Goa zilikuja kuizingira ngome, zikashindwa. Mwezi Mei Yusuf akaibomoa kiasi alichoweza, akapanda chombo alichokiteka kutoka kwa Wareno, akatweka.