Mpigapicha wa Filamu Halisi: Istilahi na Kazi Yake

Istilahi sinematografia inatokana na maneno mawili ya Kiyunani, moja likimaanisha mwendo na jingine kuandika, nayo ilienea baada ya ndugu wawili wa Kifaransa, Auguste na Louis Lumière, kukipa jina la asili hiyo chombo walichokionyesha hadharani jijini Paris mwaka 1895. Kiswahili kilichukua kipande cha mwanzo kikakifanya sinema, yaani filamu na hata jumba la kuitazamia, lakini mshika kamera kikamwita mpigapicha, jina lile lile la mwenye studio ya picha za pasipoti.

Wapo wanaopendelea mkurugenzi wa upigaji picha, istilahi isiyofaa sana katika filamu halisi, yaani ile inayorekodi maisha ya watu wasioigiza, kwa kuwa kikosi chake aghalabu ni watu wawili au watatu, na huyo mkurugenzi hana wa kumwelekeza ila mkono wake mwenyewe. Mpigapicha latosha, mradi lieleweke kuwa linabeba picha mnato na picha jongefu pia, kama alivyozibeba zote mbili Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi aliyerekodi njaa ya Ethiopia mwaka 1984.

Uzito wa kazi hiyo hudhihirika katika Mji wa Kale wa Mombasa, ambako vichochoro ni vyembamba na kuta nyingi zimepakwa chokaa. Kisiwa kiko takriban digrii 4 kusini mwa ikweta, hivyo mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba jua la adhuhuri hupita utosini, likamwaga utepe wa mwanga mkali katikati ya Ndia Kuu (ndia ni njia kwa Kimvita), ilhali wazee walioketi barazani wamo kivulini. Jicho la mtu huviona vyote viwili bila taabu; kamera haiwezi. Tundu la lenzi, linalopanuka na kujibana kama mboni, likipanuliwa kwa ajili ya nyuso za barazani, ukuta wa mbele huungua ukawa weupe mtupu, na likibanwa kuunusuru ukuta, wazee hugeuka vivuli. Kuchagua kipi kipotee ndiko kuandika kunakotajwa na asili ya istilahi.

Kitenzi piga, kwa upande wake, kina jambo ambalo Kiyunani hakikulisema: anayerekodiwa hupigwa picha, na aweza kukataa kupigwa. Mwanaanthropolojia Heike Behrend, katika kitabu chake cha mwaka 2013 kuhusu upigaji picha wa pwani ya Afrika Mashariki, ameeleza kwa kina jinsi baadhi ya Waislamu wa pwani wanavyojisitiri dhidi ya kamera. Kwa hiyo mpigapicha ajuaye kazi yake katika Kibokoni, mtaa wa Mji wa Kale, hupiga hodi kwanza, kamera ikiwa bado mkobani, na pengine siku hiyo isitoke kabisa.