Sale: Jani Lililogoma Kufa

Leo tupige historia kidogo.

Nyie mnaovaa cheni yenye nyundo ya Thor kwa sababu ya muvi, mnajua ile ilikuwa alama ya dini? Watu wa Skandinavia waliivaa miaka zaidi ya 1000 iliyopita, kwa heshima ya mungu wao wa radi. Ukristo ulipoingia, kuna fundi akaamua asipoteze mteja: kule Trendgården, Denmark, lilipatikana kalibu la jiwe la karne ya 10 la kutengenezea nyundo na misalaba humo humo! Baadaye msalaba ukashinda. Iceland waliifufua dini ya zamani mwaka 1972, lakini kwa wengi nyundo ni pambo tu.

Sasa njooni huku kwetu mlimani. Mchaga wa kale alimwita Mungu Ruwa, neno lile lile la jua. Na alama yake kubwa ilikuwa jani la sale. Masale yalipandwa mpakani mwa kihamba, na pia penye makaburi ya ukoo. Ukimkosea mtu, unapeleka sale, mara nyingi kupitia mzee. Kulikataa ni jambo zito, maana unawakataa na waliolala chini yake.

Wamisionari wa Leipzig walifika Kilimanjaro mwaka 1893. Mila kibao zilipigwa vita, ila sale ikapona. Mmoja wao, Bruno Gutmann, aliyekaa huku kati ya 1902 na 1938, muda mrefu akiwa Old Moshi, aliona undugu na ujirani wa Kichaga ni msingi wa kujengea kanisa, si takataka za kufagia. Halafu, mtu anayehubiri msamaha atalichukiaje jani la kuomba msamaha?

Kwa mtazamo wangu, hapo ndipo tofauti ilipo. Nyundo ilibaki bila kazi, sale bado ina kazi. Hadi leo ndugu waliogombania kihamba wanapatanishwa kwa sale, na Jumapili wote wako kanisani.

Ila tujiangalie. Siku hizi mpaka ni zege, na msamaha unaombwa kwa meseji. Meseji unaifuta, mchezo umeisha. Sale inaletwa na mzee, anakaa, anasubiri jibu lako. Tukiiacha iwe ua la kupamba geti, itakuwa kama ile cheni yako.

Haya, wa Rombo, Machame, Kibosho, kwenu inatumikaje? Dondosheni maoni hapo chini.