Kibali cha Kazi Baada ya Chuo Marekani: Aya Moja ya 1947 Inayobeba Maisha ya Maelfu

Mwaka 1964 jamaa mmoja wa Nyanza, mwenye miwani na sauti nzito ya kunyamazisha chumba, alikuwa Harvard akisomea uchumi. Masomo ya darasani alishamaliza, kilichobaki ni tasnifu. Akaomba aongezewe muda wa kukaa Marekani aimalizie. Idara ya Uhamiaji ikasema hapana.

Mafaili yake yaliyofunguliwa miongo kadhaa baadaye yanaonyesha kwamba maofisa wa uhamiaji na watu wa chuo walikuwa wakiteta pembeni kuhusu maisha yake ya mapenzi, na hasa wake zake, maana mmoja alikuwa Kenya na mwingine Marekani. Chuo kikamwambia pesa za kumsaidia hazipo. Julai akarudi Nairobi bila PhD. Jina lake halina haja hapa, wenye kujua wameshajua. Mtoto wa kiume aliyezaliwa Honolulu atarudi kwenye stori hii baadaye, na safari hiyo kalamu itakuwa upande wake.

Hapo hakuna kesi iliyosikilizwa wala kosa lililothibitishwa. Ofisa aliangalia karatasi, akaangalia mtu, akaamua. Na hiyo ndiyo siri ya kibali kile ambacho leo vijana wengi wanakipigia hesabu kabla hata hawajapata viza: ruhusa ya kufanya kazi Marekani ukishamaliza chuo, maarufu kama OPT, haijawahi kuandikwa kwenye sheria ya Bunge la nchi hiyo. Ni kanuni tu. Iliandikwa na ofisi, ikarefushwa na ofisi, na ofisi hiyohiyo inaweza kuikata.

Turudi nyuma kidogo. Sheria ya Uhamiaji ya 1924, ile iliyofunga mlango kwa watu wengi wa dunia, iliwaachia wanafunzi upenyo: waingie kwa ajili ya kusoma tu. Neno "tu" hapo si la urembo. Agosti 1947, vita vimeisha na vyuo vimejaa, Idara ya Uhamiaji ikachapisha kanuni mpya, na ndani yake kulikuwa na aya moja ambayo pengine hakuna aliyeshtuka nayo siku ile. Ilisema kwamba kama chuo kinadai au kinapendekeza mafunzo kwa vitendo, mkuu wa uhamiaji wa eneo anaweza kumruhusu mwanafunzi kufanya kazi kwa miezi 6, na kumwongezea miezi 6 mingine mara mbili. Jumla miezi 18.

Ukimwambia mwanafunzi yeyote wa Dar au Dodoma atakuelewa haraka: ni kama kwenda fildi. Umesoma uhandisi, nenda kiwandani ukaone mashine halisi, halafu rudi kwenu na ujuzi wako. Kanuni ilisema "anaweza" kumruhusu. Haikusema "lazima".

Mwaka 1952 Bunge likaandika upya sheria ya uhamiaji na kumweka mwanafunzi kwenye herufi F, herufi inayovaliwa hadi leo. Sheria ikasema mwanafunzi wa F ni mtu mwenye makazi nje ya Marekani ambayo hana nia ya kuyaacha. Kuhusu kazi baada ya kuhitimu, sheria haikusema kitu. Haikuruhusu, haikukataza. Ukimya huo umelisha mawakili kwa miaka zaidi ya 70.

Sasa, kwa Waafrika Mashariki, stori inapata rangi mwaka 1959. Tom Mboya, kijana wa vyama vya wafanyakazi, alizunguka Marekani akitafuta nafasi za masomo, kwa sababu elimu ya juu chini ya Mwingereza ilikuwa tundu la sindano. Waliomsaidia kuchangisha nauli walikuwa mastaa wa kwelikweli: mwimbaji Harry Belafonte, mwigizaji Sidney Poitier, na Jackie Robinson wa besiboli. Watatu hao waliweka majina yao kwenye barua ya kuomba michango. Septemba mwaka huo ndege ikatua New York na vijana 81. Mwaka uliofuata mfuko wa familia ya Kennedy ukatoa dola 100,000, na hadi 1963 walikuwa wamevuka karibu 800, wengi wao Wakenya, wengine kutoka nchi za jirani.

Ndugu walikuja uwanjani kuwasindikiza kama wanaopeleka jeshi. Hesabu ya safari ilikuwa wazi kwa kila mtu: nenda, soma, rudi ujenge nchi, uhuru unakuja na viti vya ofisini vinahitaji watu. Katika hali hiyo, kanuni ya mafunzo kwa vitendo haikugombana na mtu. Miezi michache ya kazi ilikuwa nyongeza tu kwenye begi la kurudia nyumbani.

Mmoja wao alikuwa binti wa Nyeri aliyepelekwa Atchison, Kansas, mwaka 1960, kusoma kwenye chuo cha masista. Akachukua digrii ya biolojia, akaenda Pittsburgh kwa masters, na mwanzoni mwa 1966 akarudi Nairobi akiwa na barua ya ajira ya chuo kikuu mkononi. Kuripoti kazini akakuta nafasi yake kapewa mtu mwingine. Barua aliyotoka nayo ng'ambo haikumsaidia kitu. Miaka mingi baadaye, 2004, alipewa Nobel ya Amani na watu wakamkumbuka kwa miti. Hiyo barua huwa haitajwi sana, ingawa inafundisha jambo: karatasi ilikuwa inaweza kukugeuka upande wowote wa bahari.

Miaka ya 1970 na 1980 kanuni zikabadilishwabadilishwa, hakuna la kusisimua. Mchezo wenyewe ulibadilika 1990. Sheria mpya ya uhamiaji ikaunda viza ya wafanyakazi wenye utaalamu, H-1B, na kuiwekea kikomo cha watu 65,000 kwa mwaka. Miaka miwili baadaye, 1992, kanuni ya mafunzo ikapangwa upya na kupewa jina linalotumika leo, OPT, miezi 12.

Weka hivyo viwili pamoja uone kilichotokea. Zamani mwisho wa mafunzo ulikuwa ndege ya kurudi. Sasa mwisho wa mafunzo unaweza kuwa mwajiri anayekuombea H-1B, na H-1B inaweza kukusogeza kwenye ukazi wa kudumu. Karatasi iliendelea kuitwa ya mafunzo, lakini vijana waliisoma kama mlango, na kusema kweli waajiri pia waliisoma hivyohivyo. Kila mtu alijua. Hakuna aliyebadilisha jina.

Kuna kipande hapa ambacho wapinzani wa OPT hawachoki kukirudia. Sheria hiyohiyo ya 1990 ilianzisha majaribio ya miaka mitatu ya kuwaruhusu wanafunzi wa kigeni kufanya kazi nje ya chuo, kwa masharti kwamba mwajiri awe ametangaza nafasi kwa siku 60 na alipe mshahara wa soko. Majaribio yakaongezewa muda, kisha katikati ya miaka ya 1990 yakaachwa yafe. Hoja yao: Bunge lilipotaka wanafunzi wafanye kazi, lilisema lenyewe, tena kwa masharti makali. Mbona ofisi inatoa ruhusa kubwa zaidi bila sharti hata moja la namna hiyo? Ni hoja nzito, hata kama unayeisoma una kadi ya OPT mfukoni.

Wakati wa homa ya intaneti kikomo cha H-1B kilipandishwa hadi 195,000, kisha mwaka 2004 kikaanguka tena kwenye 65,000, zikaongezwa nafasi 20,000 za waliopata masters au zaidi Marekani. Aprili 2007 ndani ya siku mbili tu maombi yalikuwa yameshapita 100,000. Ikawa bahati nasibu. Mtu mwenye digrii ya uhandisi na ofa ya kazi mkononi anasubiri kompyuta imchague, na OPT yake ya miezi 12 inampa nafasi moja ya kucheza, akibahatika mbili.

Machi 2008 tajiri mkubwa wa programu za kompyuta alikaa mbele ya kamati ya Bunge akataka muda wa OPT urefushwe. Hazikupita wiki nne, Aprili, Wizara ya Usalama wa Ndani ikatoa kanuni: waliosoma sayansi, teknolojia, uhandisi au hesabu wanaongezewa miezi 17. Jumla 29. Ikaja pia saa ya kuhesabu: ukikaa siku 90 bila kazi ndani ya OPT, umevunja masharti. Na ilitoka bila wananchi kuulizwa maoni kwanza, kwa kisingizio cha dharura.

Haraka hiyo ikawaponza. Chama cha wafanyakazi wa teknolojia kikashtaki, na Agosti 2015 jaji wa Washington akaamua kwamba kuruka hatua ya maoni ya umma lilikuwa kosa, akaifuta kanuni. Hakuifuta palepale, aliipa serikali muda hadi Februari, baadaye Mei 2016. Kwa miezi hiyo watu wenye kazi, kodi za nyumba na wachumba walikuwa wanahesabu siku kama wafungwa, huku hakuna aliyevunja sheria yoyote.

Safari hii serikali ikauliza. Yakaja maoni zaidi ya 50,000, na Machi 2016 ikatoka kanuni mpya: miezi 24 badala ya 17, jumla miaka mitatu. Rais aliyekuwa Ikulu wakati wizara inaitoa ni yule mtoto wa Honolulu. Baba alikosa nyongeza ya muda amalize tasnifu; serikali ya mwana ikawapa wageni miaka miwili ya ziada kwa kanuni. Zote mbili zilikuwa kazi ya ofisi, bila Bunge kupiga kura.

Kwenye maisha ya kawaida inakuwaje? Chukua dada aliyesoma takwimu na rafiki yake aliyesoma filamu, wamemaliza siku moja, chuo kimoja. Wote wana dirisha la kuomba: kuanzia siku 90 kabla ya kumaliza programu hadi siku 60 baada yake. Ukichelewa, hakuna "samahani afande". Wa takwimu ana miaka mitatu, kwa hiyo bahati nasibu anaweza kuicheza mara tatu hivi. Wa filamu ana miezi 12, na Hollywood haiajiri kwa kalenda ya uhamiaji. Mwajiri naye ana faida yake ya kimyakimya: kwa miaka mitano ya kwanza ya kikodi, wengi wa wanafunzi hawa hawakatwi ile michango ya pensheni na afya ya uzeeni, asilimia 7.65, na mwajiri halipi asilimia 7.65 yake. Wapinzani wanasema hiyo inamfanya mgeni awe rahisi kuliko mzawa. Huyo mgeni naye anajua kwamba bosi akikasirika, saa ya siku zake inaanza kugonga. Wote wawili wanasema kweli.

Kesi ya pili ya chama kilekile ilifika mahakama ya rufaa, na Oktoba 2022 majaji wakagawanyika wawili kwa mmoja, wakaiacha OPT hai. Waliosema ndiyo walirudi hadi 1947: Bunge limeijua kanuni hii miongo yote, limegusa sheria ya wanafunzi mara kibao, halijaiondoa. Oktoba 2023 Mahakama ya Juu ikakataa kuisikiliza. Watu wakapumua. Katika mwaka wa masomo wa 2023/24, waliokuwa kwenye OPT walizidi 240,000.

Lakini mahakama ilisema ofisi inaweza kuruhusu. Haikusema ni lazima. Masika ya 2025 rekodi za maelfu ya wanafunzi wa kigeni, wakiwemo waliokuwa OPT, zilifungwa kwenye mfumo wa serikali, kisha zikarudishwa baada ya kesi kumiminika. Mei, aliyekuwa ameteuliwa kuongoza idara ya huduma za uhamiaji aliwaambia maseneta kwamba angependa kuondoa ruhusa ya kazi kwa wanafunzi wa F-1 baada ya masomo. Akathibitishwa kwenye nafasi hiyo. Septemba ikaja ada ya dola 100,000 kwa maombi mapya ya H-1B, ingawa baadaye idara ikafafanua kwamba anayebadilisha hadhi akiwa ndani ya nchi, kama mwanafunzi wa OPT, haimgusi. Na kanuni ya mafunzo kwa vitendo yenyewe ikaingizwa kwenye orodha ya zile ambazo serikali inapanga kuziandika upya.