Nyumba inaenda mnadani? Wahi mahakamani kabla haijauzwa

Dalali akishabandika tangazo ukutani, wengi hukimbilia benki kuomba huruma. Sheria inakupa njia nyingine, ila ina muda wake.

Kwa Sheria ya Ardhi ya 1999, ukikwama marejesho benki haiuzi nyumba kesho yake. Lazima ikupe notisi ya siku 60 kwanza. Dalali naye anatakiwa kutangaza mnada siku 14 kabla. Zihesabu hizo siku kwa tarehe. Zikipungua, tayari una hoja.

Kingine ni ridhaa ya mwenza. Nyumba mnayoishi kama familia haiwekwi rehani kihalali bila mke au mume kukubali (kifungu cha 114). Ila kama ulisaini mwenyewe, usijitie hukujua.

Nyumba ikiwa Mlandege, Iringa, na thamani yake haizidi Sh300 milioni, anzia Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu. Unafungua shauri, papo hapo unaomba zuio la muda. Tangu kesi ya Atilio na Mbowe ya 1969, mwombaji huonyesha mambo matatu: ana hoja ya kusikilizwa, hasara yake hailipiki kwa fedha, na akinyimwa zuio ataumia kuliko benki.

Zuio halifuti deni, kwa hiyo endelea kutafuta hela. Mnada ukishapita, mnunuzi wa nia njema analindwa na wewe unabaki kudai fidia. Nyumba ikiuzwa chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, benki ndiyo yenye kazi ya kujieleza.