Ofisi Haikatwi Mshahara

Mei 1991, mwalimu kutoka Zaire aliyenyimwa hifadhi Uingereza alipandishwa ndege ya kumrudisha Kinshasa kupitia Paris, ilhali Jaji Garland aliamini serikali imeahidi kumwacha kwanza. Usiku huohuo jaji akaamuru arejeshwe London. Safari ya kumrejesha ilikwisha pangwa, Waziri wa Mambo ya Ndani, Kenneth Baker, akaifuta, kwa ushauri kwamba jaji hana mamlaka ya kuiamuru serikali. Mahakama ya Rufani ilimtia hatiani Baker mwenyewe kwa kudharau mahakama. Mwaka 1993 Baraza la Malodi, mahakama ya juu kabisa wakati huo, lilikubali kosa lipo, ila likalihamishia kwenye wadhifa wake, bila faini wala kifungo. Gharama za kesi tu. Wanasheria huisifu hukumu hiyo kwa kuwa iliwaweka mawaziri chini ya amri za majaji, na wana haki. Lakini wadhifa hauna mfuko wala kitanda cha gerezani, na mwenye nao alijiendea nyumbani.

Kenya ilihusika moja kwa moja, maana tangu 1967 sheria yake iliwapa majaji mamlaka yaleyale ya wenzao wa Uingereza ya kuadhibu kudharau mahakama, hata kanuni za London zikibadilika mawakili wa Nairobi walilazimika kuzifuata. Sheria ya 2016 ilikata kamba hiyo, kisha ikawajengea maofisa ngome: kabla ya kuadhibiwa kwa ukaidi wa idara ya serikali, sharti wapewe notisi ya siku 30. Machi 2018 Miguna Miguna, wakili na mpinzani wa serikali, alizuiliwa uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta, korti ikaamuru aachiliwe, naye akasafirishwa Dubai. Mwezi wa notisi ungemfaa nini? Jaji George Odunga aliwatoza Waziri Fred Matiang'i, Inspekta Jenerali Joseph Boinnet na Katibu wa Uhamiaji Gordon Kihalangwa Sh200,000 kila mmoja, zikatwe kwenye mishahara yao. Novemba mwaka huohuo Jaji Chacha Mwita akaibatilisha sheria yote ya 2016.

Wapo wasemao majaji hawapaswi kuendesha serikali. Ni kweli, ndiyo maana kuna rufaa na maombi ya kusimamisha amri; asiyeyatumia hajatetea mipaka ya madaraka, amekaidi. Hoja nzito zaidi ni kwamba faini haikumrudisha Miguna: alirejea Oktoba 2022, serikali ikiwa imebadilika. Basi tuitazame Septemba 2024. Kaimu Inspekta Jenerali Gilbert Masengeli aliitwa mara kadhaa kueleza waliko watu watatu waliotekwa Kitengela, hakutokea. Jaji Lawrence Mugambi akamhukumu miezi sita jela, akimpa siku saba za kujinusuru kwa kufika kortini. Walinzi wa jaji wakaondolewa. Watatu hao walipatikana hai wiki moja baada ya hukumu. Siwezi kudai hukumu ndiyo iliyowafungulia mlango. Masengeli, hata hivyo, hatimaye alifika, akaomba radhi, na adhabu ikafutwa.